Mjusi na Wadudu: Nani Anamla Nani?

Giza likiingia na taa ya barazani ikawashwa, haichukui muda mjusi wa kwanza kujitokeza nyuma ya fremu ya mlango. Hana haraka. Hujibanza ukingoni mwa mwanga, kichwa chini mkia juu, akasubiri. Nondo akitua ukutani, mjusi husogea hatua mbili tatu, husimama, husogea tena, kisha hujirusha mzima mzima. Nondo mkubwa hafi mara moja. Hupigizwa ukutani huku na huku mpaka mabawa yapukutike, ndipo amezwe.

Mjusi kafiri, ambaye katika vitabu vya sayansi yumo kwenye jenasi ya Hemidactylus, ni miongoni mwa wanyamapori wachache tunaolala nao chumba kimoja. Hata hivyo mtoto wa shule atakusimulia habari za simba mpaka uchoke, na ukimuuliza mjusi anakula nini atakujibu "mbu", basi. Jibu hilo si la uongo, ila ni dogo mno. Kati ya mijusi na wadudu wa bara letu kuna uwindaji, kuna udanganyifu, kuna kupangishana nyumba, na kuna hata biashara ya vitu vitamu. Anayemla mwenzake leo, kesho huliwa.

Tuanze na mlo wenyewe. Mjusi wa nyumbani hula karibu kila kidudu kinachotikisika na kuenea kinywani: nondo, nzi, mende wachanga, nyenje, sisimizi, mbawakawa wadogo, buibui. Wakubwa hufika hata kuwameza vijusi wachanga wa jamii yao. Ngozi yao kuukuu wanapojichuna hawaiachi, huila. Mjusi hachagui sana. Hula kilichopita mbele yake usiku ule, na kwa hiyo mlo wake hubadilika kufuata majira.

Majira ya neema ni ya kumbikumbi. Mvua za kwanza zikishalainisha ardhi, mchwa wenye mabawa hutoka vichuguuni kwa maelfu na kukimbilia mwanga. Kagera, Uganda na magharibi mwa Kenya watu huwasubiri kwa hamu, kwa kuwa kumbikumbi wa kukaanga ni kitoweo cha heshima. Ukutani, juu ya beseni la maji lililotegwa chini ya taa, mjusi naye yuko kwenye mavuno. Hula mpaka tumbo likavimba, na mafuta ya ziada huyaweka mkiani. Kiangazi kikija akakosa windo siku kadhaa, hula akiba hiyo. Anaweza kuishi hivyo kwa sababu hatumii chakula kuupasha mwili joto kama tufanyavyo sisi. Mahitaji yake ni kama sehemu moja ya kumi ya mahitaji ya mnyama anyonyeshaye mwenye uzito uleule. Panya mdogo angekuwa ameshakufa njaa pale ambapo mjusi bado anasubiri.

Swali ambalo wasomaji wengi wangependa lijibiwe ni hili la mbu. Mwaka 1997 watafiti Deon Canyon na Jeffrey Hii walichapisha matokeo ya majaribio waliyofanya Australia, wakiwafungia mijusi wa nyumbani pamoja na mbu. Mijusi walikula mbu kwa wingi, na watafiti hao wakaona kwamba mnyama huyu anastahili kuhesabiwa katika vita dhidi ya mbu. Kwetu pia ipo sababu ya kutumaini. Mbu jike wa Anopheles, jenasi ya mbu wanaoambukiza malaria, akishakunywa damu huwa mzito, hutua ukutani ndani ya nyumba apumzike, na ukuta ndiyo himaya ya mjusi.

Lakini chumba si kisanduku cha maabara. Usiku wa kawaida mbele ya mjusi wako nondo, kumbikumbi na nyenje, na kila mmoja wao anashibisha kuliko mbu kadhaa. Sijaona ushahidi unaoniruhusu kumwambia mzazi yeyote kwamba mijusi wa nyumbani kwake watamkinga mwanawe na malaria. Chandarua kibaki mahali pake, kila usiku. Mjusi ni msaidizi, tena msaidizi asiyelipwa, na inatosha tumshukuru kwa kiasi hicho.

Anayewinda mbu kwa kuwachagua kweli ni mwingine. Kandokando ya Ziwa Victoria, Mbita nchini Kenya pakiwamo, yuko buibui mdogo mrukaji aitwaye Evarcha culicivora. Watafiti waliokuwa wakifanya kazi katika kituo cha utafiti wa wadudu cha ICIPE, Mbita, wamemchunguza kwa miaka mingi wakakuta kwamba humpendelea mbu aliyeshiba damu kuliko windo jingine lolote. Ana urefu wa nusu sentimita tu, yaani saizi ya kumezwa na mjusi bila taabu. Mjusi anayemla mbu ndiye huyohuyo anayeweza kumla adui mkubwa wa mbu. Kwa hiyo mtu asiharakishe kuwagawa viumbe wa nyumbani mwake katika makundi mawili, marafiki na maadui.

Uwezo wa mjusi kuwinda gizani nao unastahili maneno machache. Wanadamu gizani hatuoni rangi. Kila kitu kwetu ni kijivu. Mwaka 2004 wanasayansi wa Chuo Kikuu cha Lund, Sweden, walionyesha kwamba mjusi mmoja wa kaskazini-magharibi mwa Afrika, ndugu wa hawa wetu, hutofautisha rangi katika mwanga hafifu kama wa mbalamwezi. Kuhusu jinsi miguu yake inavyoshika ukuta, watu walibishana muda mrefu: wengine walidhani ni gundi, wengine wakadhani ni mfyonzo. Utafiti uliochapishwa mwaka 2000 na 2002 na kundi la Kellar Autumn, Marekani, uliumaliza ubishi. Chini ya vidole kuna vinywele vidogo mno. Kwa mjusi mkubwa wa Asia aitwaye tokay ni karibu nusu milioni kwa mguu mmoja, na kila kinywele kimechanika ncha mamia ya mara. Vinywele hivyo hukaribia ukuta kiasi kwamba mvutano wa kawaida uliopo kati ya molekuli na molekuli hutosha kumshikilia. Ndiyo maana hutembea darini na juu ya kioo bila kuteleza.

Kinyonga alipewa silaha nyingine. Katika misitu ya milima ya Usambara anaishi kinyonga mdogo mwenye kipembe cha miiba puani, Rhampholeon spinosus, ambaye mwili wake ni mfupi kuliko kidole cha mtu. Mwaka 2016 mtafiti Christopher Anderson alichapisha vipimo vya ndimi za aina 20 za vinyonga, na huyu wa Usambara akawashinda wote: ulimi wake huchomoka kwa mchapuko wa mita 2,590 kwa sekunde mraba, mara 264 ya mvutano wa dunia. Mwaka huohuo watafiti wengine waliupima ute ulio kwenye ncha ya ulimi wa kinyonga wakakuta ni mzito mara 400 kuliko mate ya binadamu. Panzi akishaguswa na ute ule, hana pa kwenda. Kinyonga mwenyewe hutembea polepole kwa sababu ulimi ndio unaokimbia kwa niaba yake.

Hata hivyo wadudu hawakukaa tu kusubiri kuliwa. Siafu wanapohama na kuingia nyumbani, watu wa mashambani hujua la kufanya: hutoka nje, wakawaachia nyumba. Siafu wakishaondoka, mende hamna, panya hamna, na mjusi aliyechelewa kupanda paa naye hamna. Vunjajungu mkubwa humkamata kijusi kwa mikono yake yenye miiba akamla akiwa hai. Sisimizi nao hawana huruma na kijusi aliyetoka yaini dakika hizo. Jike la mjusi wa nyumbani hutaga mayai mawili tu kwa mara moja, yenye ganda gumu kama chokaa, na labda ndiyo maana huyaficha nyuma ya kabati au ndani ya ufa. Mwenye dirisha la kioo ameshayaona mayai hayo kabla hayajatagwa, meupe, yakionekana kupitia ngozi ya tumbo.

Wadudu wengine wana silaha kali kiasi kwamba mijusi huwaiga. Jangwani Kalahari, kusini mwa bara, kuna mbawakawa wa jenasi ya Anthia ambao wakisumbuliwa hurusha tindikali inayochoma macho. Wanyama wenye akili huwapisha. Mwaka 1977 Raymond Huey na Eric Pianka waliandika katika jarida la Science kuhusu mjusi wa huko, Heliobolus lugubris. Mkubwa wake ana rangi ya mchanga na hutembea kama mijusi wengine. Mtoto wake ni mweusi mwenye madoa meupe, na hatembei kwa kujinyonganyonga. Huukunja mgongo kama upinde, hukaza miguu, akaenda kwa mwendo wa kudundadunda wa mbawakawa. Mkia, ambao ungemsaliti, una rangi ya mchanga na huburutwa chini usionekane. Akifikia ukubwa unaomzidi mbawakawa yeyote, huacha maigizo, rangi hubadilika na mwendo huwa wa mijusi. Mla wadudu anaishi utoto wake wote amejificha ndani ya sura ya mdudu. Sijui kisa kingine cha mijusi kinachonifurahisha kuliko hiki.

Kwa Afrika Mashariki, sehemu iliyotufundisha zaidi kuhusu mijusi na wadudu ni Laikipia, nchini Kenya. Katika kituo cha utafiti cha Mpala kuna nyanda za udongo mweusi zilizojaa migunga yenye miiba na mavimbe ya duara ambamo sisimizi huishi. Juu ya migunga hiyo anaishi mjusi mdogo wa mchana, Lygodactylus keniensis, asiyefika hata urefu wa kalamu. Robert Pringle na wenzake walimfuatilia mjusi huyu kwa miaka kadhaa, na kila walipomfuata waligundua kwamba maisha yake yameshikwa na wanyama ambao mtu asingewadhania.

Kwanza walitazama viwanja vilivyozungushiwa uzio ili wanyama wakubwa walao majani wasiingie. Matokeo yao, yaliyochapishwa mwaka 2007, yalionyesha kwamba ndani ya uzio miti iliongezeka, mbawakawa wakaongezeka, na mijusi wakaongezeka. Mtu angesema basi tembo ni adui wa mjusi. Lakini mwaka uliofuata Pringle alionyesha upande wa pili: mti uliovunjwa na tembo hubaki na nyufa na magamba yaliyobanduka, na ndani ya nyufa hizo mijusi hupata pa kujificha na kuishi. Tembo humnyima mjusi miti na papo hapo humjengea vyumba katika miti iliyobaki.

Kisha ukaja mwaka 2010 na habari ya mchwa. Ukizitazama nyanda za Laikipia kutoka angani, vichuguu vimetawanyika kwa mpangilio wa kushangaza, kila kimoja kikiwa mbali na jirani yake kwa nafasi inayokaribia kulingana, kwa kuwa makundi ya mchwa hugombania eneo. Mchwa hugeuza udongo wa kichuguu, huupenyeza hewa na maji, na kuukusanyia nitrojeni na fosforasi. Mgunga ulio karibu na kichuguu hustawi kuliko ulio mbali. Penye mgunga uliostawi wadudu ni wengi, na penye wadudu wengi mijusi ni wengi na huzaliana zaidi. Watafiti waliona kwamba kadiri unavyokisogelea kichuguu, ndivyo uhai wote unavyonenepa. Mchwa, ambaye mjusi angemla bila kufikiri, ndiye aliyeweka msingi wa karamu yake.

Kenge amekwenda mbali zaidi: amemfanya mchwa yaya wa wanawe. Jike la kenge wa majini husubiri mvua zilainishe kichuguu, akakitoboa kwa kucha, akataga makumi ya mayai ndani na kuondoka. Mchwa, kwa silika yao ya kuziba kila tundu, huziba lile tundu na mayai yakabaki ndani. Humo joto ni lile lile usiku na mchana, unyevu haupungui, na adui hafiki. Miezi mingi baadaye, mvua zikirudi na ukuta wa kichuguu kulainika, vikenge hutoka. Mama hakulinda yai hata moja.

Visiwani mambo ni matamu kwa maana halisi. Pemba kuna mjusi wa kijani wa mchana, Phelsuma parkeri, ambaye asili yake ni kisiwa hicho peke yake duniani. Huonekana kwenye migomba na minazi. Jamii yake ya Phelsuma hula wadudu, lakini hupenda pia kuramba maji matamu ya maua. Ndugu zao wa Madagaska wameonekana wakifanya jambo la ajabu zaidi: mjusi humsogelea mdudu anayefyonza utomvu wa mti, hutikisa kichwa mbele yake, na mdudu hurusha tone la umajimaji mtamu ambalo mjusi hulidaka. Hamli mdudu. Ni kama mchungaji na ng'ombe wake wa maziwa. Watafiti wa Kijerumani waliliandika jambo hili mwaka 2001.

Mauritius, kwa upande mwingine, inaonyesha urafiki wa namna hiyo unavyoweza kuvunjwa. Kuna mmea wa milimani uitwao Roussea simplex ambao uchavushaji wake hutegemea mjusi Phelsuma cepediana. Mjusi huyohuyo ndiye pia anayesambaza mbegu zake. Sisimizi wageni, Technomyrmex albipes, walioletwa kisiwani na shughuli za watu, wamejiwekea makazi kwenye maua hayo wakichunga wadudu wadogo wanaotoa utamu, na humshambulia mjusi akikaribia. Mjusi hukimbia, ua likabaki bila kuchavushwa, na mmea ambao tayari ni adimu hukosa mbegu.

Tunaweza kuwalaumu sisimizi wa Mauritius, lakini mkono wetu umefanya mengi zaidi. Mjusi wetu wa nyumbani, Hemidactylus mabouia, alivushwa na meli kutoka Afrika hadi Brazil na visiwa vya Karibi karne nyingi zilizopita. Utafiti wa vinasaba uliochapishwa mwaka 2021 unauhusisha usambaaji huo na biashara ya watumwa. Huko ugenini, katika visiwa kama Curaçao, amewasukuma kando mijusi wenyeji. Zimbabwe, ambako sumu ya wadudu ya DDT ilipulizwa kuua mbung'o, watafiti waliwakuta mijusi wamepungua katika maeneo yaliyopulizwa. Sumu inayoua windo humfikia mwindaji kwa njia ya mlo, na nyumbani kwetu makopo ya dawa za kupuliza yanatumika bila kipimo.

Kisha kuna hofu ya watu kwa mjusi. Kwa Waislamu wengi wa pwani iko riwaya inayojulikana kuhusu mjusi na moto wa Nabii Ibrahim. Suala hilo ni la wanazuoni, nami naliacha kwao kwa heshima. Ninayoweza kuyasema ni kuhusu sumu. Mjusi wa nyumbani hana sumu: haachi sumu kwa kuuma wala kwa kupita juu ya nguo. Hatari yake ya kweli ni kinyesi, kile kidonge cheusi chenye ncha nyeupe, ambacho kinaweza kubeba bakteria wa salmonela. Dawa yake ni kufunika chakula, kufuta meza ya jikoni na kunawa mikono kwa sabuni.

Anayeona mijusi wamemzidi mlangoni abadilishe balbu. Mwanga mweupe wenye ubuluu huvuta wadudu wengi kuliko mwanga wa manjano, na mijusi hufuata wadudu. Weka balbu ya manjano, au izime taa ya nje unapokwenda kulala, na wengi watahama wenyewe bila fagio wala sumu.

Na wako mijusi ambao hawawezi kuhama. Katika msitu wa Kimboza, mkoani Morogoro, na vipande vichache vya misitu jirani, anaishi Lygodactylus williamsi, kijusi ambaye dume lake ni la buluu inayong'aa. Huishi kwenye mikadi ya msituni, hula wadudu wadogo humohumo na kunywa maji yanayotuama kwenye majani. Uzuri wake ulimponza: walikamatwa kwa maelfu kupelekwa Ulaya, Marekani na Asia kufugwa kwenye vioo, na mikadi mingi ikakatwa ili wafikiwe. Mwaka 2016 Tanzania ilisitisha usafirishaji wa wanyamapori hai nje ya nchi, na mwaka huohuo mkutano wa CITES, mkataba wa biashara ya kimataifa ya viumbe walio hatarini, uliofanyika Johannesburg ulimwingiza mjusi huyu katika orodha ya juu ya ulinzi, inayokataza biashara ya kimataifa ya wale waliokamatwa porini. Wakazi wa vijiji vinavyouzunguka msitu huo ndio wenye macho ya kwanza. Ukimwona mtu anakata mikadi au anakusanya vijusi wa buluu, peleka taarifa kwenye ofisi ya misitu au ya wanyamapori iliyo karibu nawe siku hiyohiyo, maana wakiisha Kimboza na katika vipande hivyo jirani hakuna msitu mwingine wa kuwachukua na kuwarudisha.